Mikorosho ya Marehemu na Amri ya Zuio

Amri ya zuio ni agizo la mahakama linalomkataza mtu kuuza, kugawa au kuharibu mali ambayo mwenyewe bado hajajulikana. Katika kesi za mirathi hutolewa mapema, kabla ya mashahidi kusikilizwa, ili siku ya hukumu ikifika kitu cha kugawana kiwe kipo. Haimpi mtu shamba wala haimnyang'anyi. Katika vijiji vya Masasi na Newala jambo hili huchanganywa mara kwa mara: aliyepata zuio hurudi nyumbani akitangaza kwamba ameshinda kesi, na aliyezuiwa hukata tamaa kana kwamba ameshindwa. Wote wawili wamekosea, na kosa la yule wa kwanza ndilo ghali zaidi, kwa sababu humfanya alale.

Wilaya hizi mbili za Mkoa wa Mtwara ni majirani. Newala imekaa ukingoni mwa uwanda wa juu wa Makonde, ikitazama chini kwenye bonde la Ruvuma na Msumbiji ng'ambo ya mto. Masasi iko magharibi, chini ya uwanda, kwenye tambarare yenye milima ya mawe. Zote mbili zinaishi kwa korosho. Marehemu wa huku basi huacha nyumba, vyombo, pengine pikipiki au duka dogo, na mikorosho. Hivyo vingine ndugu wanaweza kuvimaliza kwa kikao kimoja cha familia. Mikorosho ndiyo inayowapeleka mahakamani, kwa kuwa mti mmoja huzaa kwa miongo kadhaa na kila msimu una fedha zake. Mtu akitaka kujua ukubwa wa mali ya jirani, ekari hazimsaidii sana. Ataulizia ana mikorosho mingapi.

Ubishi wenyewe una mizizi mirefu. Wamakonde, Wamakua na Wayao, ambao ndio wenyeji wakubwa wa maeneo haya, walifuata ukoo wa mama. Mtoto alihesabiwa kwa ukoo wa mama yake, mjomba alikuwa na sauti kuliko baba, na mali ya mwanamume ilielekea kwa wapwa, yaani watoto wa dada zake. Wakati mashamba yalikuwa ya mtama, muhogo na kunde, yakilimwa misimu michache kisha kuachwa yapumzike, utaratibu huo haukuleta kelele nyingi, maana hakikubaki kitu kikubwa shambani cha kugombewa. Mkorosho ulibadilisha hesabu. Ni mti wa kudumu. Baba aliupanda pamoja na mke na watoto, wao ndio walioupalilia na kuziokota korosho zake. Baba akifa, watoto wanasema jasho ni letu. Wapwa wanasema ardhi ni ya ukoo. Wote wanasema kweli, kila mmoja kwa sheria yake.

Juu ya hapo kuna Uislamu, dini ya watu wengi wa Newala na ya wengi pia Masasi, ambako Kanisa la Anglikana nalo lina historia tangu misheni ya mwaka 1876. Kwa mirathi ya Kiislamu mjane mwenye watoto hupata thumni, binti nusu ya fungu la kaka yake, na mtoto wa dada hana fungu maadamu marehemu ameacha wana. Halafu kuna Operesheni Vijiji. Mwaka 1974 watu walihamishiwa kwenye vijiji vya pamoja, na mikorosho mingi ikabaki mbali na wenyewe. Uzalishaji wa nchi, uliozidi tani 140,000 msimu wa 1973/74, ukaporomoka. Bei ilipopata nguvu tena, watu walirudi kwenye miti ya zamani, na wengine walirudi kwenye miti iliyopandwa na wazee waliokwisha kufa. Nani alipanda, nani alihudumia, nani aliruhusiwa tu kuokota: mashahidi wa mambo hayo wanapungua kila mwaka.

Sheria iliyoandikwa haimalizi ubishi huo kwa urahisi. Tamko la sheria za mila la mwaka 1963, ambalo mahakimu hulitumia sana katika mirathi, liliandikwa kwa jamii zinazofuata ukoo wa baba. Kwa watu wa ukoo wa mama, mila inabidi ithibitishwe kwa ushahidi, na mila yenyewe imekuwa ikibadilika. Kilicho wazi ni kwamba Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, katika kifungu cha 20, inabatilisha mila yoyote inayowanyima wanawake, watoto au watu wenye ulemavu haki ya kumiliki au kutumia ardhi. Zaidi ya hapo hakuna anayeweza kusema kwa uhakika mwanzoni mwa kesi nani atapata nini. Ndiyo sababu mali inastahili kubaki mahali pake mpaka mwisho.

Nani basi anaruhusiwa kuuza? Kabla ya msimamizi wa mirathi kuteuliwa na mahakama, hakuna. Kaka mkubwa hana mamlaka hayo, mjomba hana, mjane hana, hata kama kikao cha ukoo kimeandika muhtasari na kuugonga mhuri wa mtendaji wa kijiji. Kikao cha ukoo hupendekeza jina tu. Mahakama ndiyo inayoteua. Mali iliyochumwa na mjane mwenyewe, ikiwamo mikorosho aliyoipanda kwenye shamba lake, haimo katika mirathi ya mume hata kidogo, ingawa huandikwa humo mara nyingi kuliko inavyostahili.

Baada ya uteuzi mambo yanageuka, na hapa warithi wengi hushtuka. Msimamizi ana mamlaka ya kukusanya mali, kulipa madeni na kugawa kilichobaki, na katika kazi hiyo anaweza kuuza. Mahakama ya Rufani, katika uamuzi uliomo kwenye Ripoti za Sheria za mwaka 1994, ilisema kwamba msimamizi halazimiki kisheria kupata ridhaa ya warithi wote kabla ya kuuza nyumba ya marehemu. Msimamo huu una mantiki yake. Kama kila mrithi angekuwa na kura ya turufu, deni la hospitali lisingelipwa kamwe. Lakini maana yake ni kwamba mrithi asiyeridhika hawezi kukaa nyumbani akisema sikusaini. Kutosaini kwake hakuzuii kitu. Kinachozuia ni amri ya mahakama.

Kenya imechagua njia nyingine. Sheria yake ya Urithi inakataza msimamizi kuuza ardhi au nyumba kabla mahakama haijathibitisha uteuzi wake, hatua ambayo kwa kawaida hufuata miezi sita baadaye. Huko zuio limeandikwa ndani ya sheria. Tanzania limeachwa mikononi mwa anayelalamika: asipoomba, halipo. Kwa familia za vijijini zisizo na wakili, njia ya Kenya ni salama zaidi.

Mahali pa kuomba ni swali la pili, na watu hupoteza miezi kwa kulikosea. Mirathi inayofuata mila au sheria ya Kiislamu hufunguliwa Mahakama ya Mwanzo. Jedwali la Tano la Sheria ya Mahakama za Mahakimu, Sura ya 11, linaipa mahakama hiyo uwezo wa kuteua msimamizi, kumdai dhamana, kumwondoa kwa sababu ya msingi, na kutoa amri yoyote ambayo ingeweza kuitoa katika shauri la madai. Jedwali la Nne linazitaja amri hizo, na miongoni mwake ni zuio, la kukataza na la kuamuru. Kanuni za mirathi za Mahakama za Mwanzo, Tangazo la Serikali Namba 49 la mwaka 1971, zinasema waziwazi kwamba mahakama inaweza kuamua swali lolote kuhusu kuuza, kugawanya au kuhamisha mali ya marehemu kwa ajili ya kulipa wadai au kugawia warithi. Kwa hiyo anayeambiwa kwamba hakimu wa Mahakama ya Mwanzo hawezi kuzuia uuzaji kwa kuwa hiyo ni ardhi amedanganywa. Ndani ya shauri la mirathi anaweza.

Mgogoro ukiwa na mtu wa nje, kwa mfano jirani anayedai shamba halikuwa la marehemu tangu mwanzo, njia kwa kawaida ni mabaraza ya ardhi. Tangu marekebisho ya mwaka 2021 baraza la kata halitoi tena hukumu. Linapatanisha tu, na lisipofanikiwa ndani ya siku 30 mlalamikaji anaweza kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Siku 30 ni nyingi kwa mtu anayetaka kuuza haraka. Mirathi isiyofuata mila wala Uislamu, kama ya Wakristo walioishi nje ya taratibu za mila, huenda mahakama za juu zaidi, hadi Mahakama Kuu iliyoko Mtwara.

Ombi lenyewe huletwa na hati ya kiapo. Mambo ambayo mahakama hupima yalikwishawekwa mwaka 1969 katika shauri la Atilio dhidi ya Mbowe, na hadi leo mahakimu na wenyeviti wa mabaraza huyarudia karibu neno kwa neno. Lazima kuwe na jambo zito la kuamuliwa, lenye dalili kwamba mwombaji anaweza kufanikiwa. Lazima ionekane kwamba bila zuio mwombaji ataumia kwa namna isiyofidika baadaye. Na lazima uzito wa hasara, ukipimwa pande zote mbili, uegemee kwa anayeomba kuliko kwa anayezuiwa. Sharti la kwanza si gumu kwa mtoto au mjane wa marehemu. Mpwa, hasa familia ikiwa ya Kiislamu, ana kazi zaidi.

Sharti la pili ndilo linaloangusha maombi mengi. Upande wa pili husema: shamba lina bei, likiuzwa kimakosa atalipwa fedha, tatizo liko wapi? Jibu la kusema tu kwamba ni mali ya baba yetu halitoshi. Linalotosha ni maelezo ya kweli ya shamba lenyewe. Mikorosho inayopandwa kwa nafasi inayopendekezwa, mita 12 kwa 12, huwa miti kama 28 kwa ekari. Mti hungojewa miaka kadhaa kabla haujafikia uzaaji wake kamili. Mnunuzi akiikata apande ufuta, au akiichoma mkaa, miaka hiyo hairudi kwa hundi. Makaburi yaliyomo shambani, nyumba anamoishi mjane, uwezo mdogo wa muuzaji wa kurudisha fedha akishazila: hayo ndiyo mambo ya kuandika katika kiapo, na yaandikwe na mtu anayeyajua kwa macho yake. Kwa bahati nzuri, tangu mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya mahakama nchini, kwa hiyo hakuna sababu ya mtu kuweka kidole gumba kwenye kiapo asichokielewa.

Kwa kawaida upande wa pili lazima upewe taarifa na usikilizwe. Pale ambapo kungoja kutaharibu lengo, kwa mfano mnunuzi amekwisha toa sehemu ya fedha na keshokutwa wanakwenda ofisi ya kijiji, mahakama inaweza kutoa zuio kwa kumsikia mwombaji peke yake, kisha ikawaita wote. Anayeficha jambo katika ombi la namna hiyo hujiharibia, maana upande wa pili ukija na kulionyesha, zuio linaondolewa, na hakimu humkumbuka.

Maneno ya amri yana uzito kuliko watu wanavyodhani. Amri inayosema tu “shamba lisiuzwe” imeacha milango mingi wazi. Mtu anaweza asiuze shamba, akaikodisha mikorosho kwa misimu mitatu na kuchukua fedha zote mbele. Anaweza kuiweka rehani. Anaweza kuziuza korosho zikiwa bado maua, kwa wale wanunuzi wa kangomba, yaani wasio rasmi, wanaozunguka vijijini miezi ya shida. Siku ya hukumu udongo upo, miti ipo, na fedha za miaka mitatu hazipo. Ombi zuri hutaja yote: kuuza, kukodisha, kuweka rehani, kutoa zawadi, kukata miti, kubadili mipaka. Lilitaje pia shamba lenyewe kwa kijiji, kitongoji, majirani wa pande nne na idadi ya miti, kwa sababu mashamba mengi ya huku hayana hati ya hakimiliki ya kimila, na “shamba la baba” si anwani.

Hatari ya upande mwingine ni amri pana kupita kiasi. Kuna zuio linalosema hali ibaki kama ilivyo, na kila upande ukaitafsiri kwa faida yake. Baya zaidi ni lile linalokataza wote kuingia shambani. Mkorosho hauna subira ya mahakama. Kati ya Juni na Agosti unahitaji salfa dhidi ya ubwiriunga. Ukikosa, maua yanakauka na msimu umekwenda. Magugu yasipofyekwa, moto wa kiangazi unapita chini ya miti. Shamba lililofungwa kwa amri kwa miaka miwili linaweza kurudishwa kwa warithi likiwa limezuiwa kuuzwa kikamilifu na limekufa. Ombi linalofaa hueleza nani ataendelea kulihudumia, kwa gharama ya nani, na hesabu atampa nani.

Korosho zenyewe zina njia yake. Zikishaokotwa si ardhi tena, ni mali inayohamishika na inayoharibika. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inaipa mahakama uwezo wa kuamuru mali ya namna hiyo iuzwe kesi ikiwa bado inaendelea, na fedha zihifadhiwe. Hapa mfumo wa korosho wa Mtwara unasaidia kuliko mazao mengine. Tangu msimu wa 2007/08 korosho ghafi huuzwa kwa stakabadhi ghalani: mkulima hupeleka kwenye chama cha msingi, AMCOS, mzigo unakwenda ghala kuu, mnada unafanyika, na malipo hupitia benki. Juu ya AMCOS kuna vyama vikuu: TANECU inahudumia vyama vya Tandahimba na Newala. MAMCU inahudumia Masasi na Mtwara. Njia ya fedha ina alama kila hatua. Amri inayosema korosho za shamba fulani zipelekwe AMCOS fulani na malipo yaingie akaunti ya mirathi inatekelezeka, na ukiukaji wake unaonekana kwenye vitabu. Serikali ilipozinunua korosho kwa shilingi 3,300 kwa kilo msimu wa 2018/19, malipo yalitanguliwa na uhakiki wa mashamba, na watu wakaona jinsi jina lililoandikwa kwenye daftari la chama linavyoweza kugeuka ushahidi. Jina hilo si uthibitisho wa umiliki. Ni uthibitisho wa nani alipeleka mzigo. Msimamizi akiwa haaminiki kabisa, mahakama zinazotumia Sura ya 33 zinaweza kumteua mtu wa kupokea na kutunza mapato mpaka shauri liishe.

Amri pia ina umri. Katika mahakama zinazofuata Sura ya 33, zuio la muda haliwezi kuzidi miezi sita. Linaweza kuongezwa kwa sababu nzito, lakini kwa jumla lisizidi mwaka mmoja. Kwa kalenda ya korosho jambo hili ni la kuangaliwa sana. Zuio lililopatikana Aprili, wakati watu wanapalilia, linaweza kufa Oktoba, minada inapofunguliwa na wanunuzi wa mashamba wana fedha mfukoni. Mwenye zuio aliyelala, yule aliyetangaza ushindi, huamka wakati huo. Kuomba muda uongezwe ni kazi ya aliyelipata, mahakama haimkumbushi.

Wala amri haisambai yenyewe. Humfunga aliyetajwa katika shauri na aliyepewa nakala. Mnunuzi anayejulikana aunganishwe kwenye kesi mapema. Nakala ipelekwe kwa mtendaji wa kijiji na mwenyekiti, kwani uhamishaji wa ardhi ya kijiji unahitaji idhini ya Halmashauri ya Kijiji, na idhini iliyotolewa huku amri iko mezani ni vigumu kuitetea. Ipelekwe AMCOS. Kama mali ni nyumba iliyopimwa na kusajiliwa, mfano kiwanja cha Masasi mjini au Newala mjini, kuna silaha ya ziada, nayo ni kusajili kaveati kwa Msajili wa Hati ili uhamisho wowote usimame. Anayedharau zuio akijua lipo anaweza kukamatiwa mali zake na kuwekwa kifungo cha madai. Adhabu hiyo haitolewi mara nyingi, lakini ipo, na kutajwa kwake katika hati ya amri huwafanya wanunuzi kusita.

Zipo pia kesi ambamo mahakama yenyewe huamuru mali iuzwe, na huko si kushindwa kwa mtu. Nyumba ya vyumba vinne haigawanyiki kwa warithi tisa. Shamba la ekari tatu lenye mikorosho 84 likigawanywa kwa warithi saba, kila mmoja ana miti 12, na kwenye karatasi ni haki tupu. Ila nusu ya miti inazaa na nusu ni mizee, na mipaka saba itapita katikati ya vivuli. Kwa ardhi inayomilikiwa kwa pamoja kwa mafungu, Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inasema kwamba kugawa kukishindikana, au kukiharibu matumizi ya ardhi, inaweza kuthaminiwa na kuuzwa kwa mnada, na mmiliki mwenza anaruhusiwa kuinunua, mnadani au kwa makubaliano. India ilikwenda mbali zaidi kwa sheria yake ya mwaka 1893: mgeni akinunua fungu la nyumba ya familia isiyogawanywa kisha akadai agawiwe, mwanafamilia anaweza kumlipa thamani ya fungu na kubaki na nyumba. Mahakimu wa huku hawafungwi na sheria hiyo, lakini mara nyingi huziacha familia zijaribu suluhu ya aina hiyo kwanza: mmoja abaki na nyumba, awalipe wenzake mafungu yao kwa muda uliopangwa. Ni suluhu nzuri pale tu tarehe za malipo zinapoandikwa ndani ya amri.

Mnada ukiwa hauepukiki, una taratibu zake. Dalali wa mahakama hutangaza. Sheria ya Madalali inataka tangazo la siku zisizopungua 14 kwa ardhi. Katika mauzo ya kukazia hukumu mnunuzi hulipa robo ya bei papo hapo na iliyobaki ndani ya siku 15. Mnada uliofanyika bila tangazo, au kwa bei ya kutupa huku dalali na mnunuzi wakifahamiana, unaweza kupingwa mahakamani utenguliwe. Warithi huwahi zaidi kulalamika kijiweni kuliko kupinga, na muda wa kupinga ni mfupi.

Mali ikiwa imekwisha uzwa kabla ya zuio, ombi la zuio limechelewa. Kinachobaki ni kuomba mauzo yabatilishwe. Aliyeuza bila kuwa msimamizi hakuwa na cha kuuza. Aliyeuza akiwa msimamizi ana hesabu ya kutoa: kanuni za mwaka 1971 zinamtaka, ndani ya miezi minne ya kuteuliwa, alete mahakamani orodha kamili ya mali na madeni, na baadaye hesabu za kila mara mahakama inapotaka. Msimamizi asiyeleta orodha na hesabu hizo anaweza kuondolewa. Kwa mnunuzi, mahakama hutazama kama alinunua kwa nia njema, kwa bei ya kweli, bila kujua ubishi. Mnunuzi wa kijiji hichohicho, aliyehudhuria mazishi na arobaini, atapata taabu kusema hakujua.

Na kurudisha mali si bure. Katika shauri la Ephrahim dhidi ya Pastory la mwaka 1990, lililotoka Kagera, ndugu wa ukoo walitaka kubatilisha mauzo ya shamba yaliyofanywa na mwanamke aliyerithishwa na baba yake. Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu ya Mwanza alikataa mila iliyomnyima mwanamke haki ya kuuza kama mwanamume, na akasema mwanaukoo anayetaka kulikomboa shamba arudishe shilingi 300,000 zote alizolipa mnunuzi.  Shauri hilo hutajwa zaidi kwa haki za wanawake, na ni sawa, lakini kwa familia za Masasi na Newala lina fundisho la pili la kibiashara: kukomboa ni kwa bei iliyolipwa.

Muda nao una ukomo wake. Madai ya kurudisha ardhi hufungwa baada ya miaka 12, na kwa ardhi aliyokuwa akiimiliki marehemu mpaka kifo chake, miaka hiyo huhesabiwa tangu siku aliyokufa. Watoto walioondoka Newala kwenda kutafuta maisha Dar es Salaam, wakamwachia baba mdogo shamba “aangalie tu”, huikuta hesabu hii ikiwasubiri.

Hukumu ikishatoka, zuio la muda linakufa. Anayekata rufaa kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda Mahakama ya Wilaya ana siku 30, na kutoka huko kwenda Mahakama Kuu siku 30 nyingine. Rufaa yenyewe haimzuii aliyeshinda kuuza. Anayetaka mikorosho iendelee kusimama wakati rufaa inasikilizwa lazima alete ombi jingine, la kusimamisha utekelezaji wa hukumu, na alilete kabla dalali hajafika shambani.